Kila Futi

Mama ameniuliza jina lake mara tatu.
Klafuti, nikamjibu.
"Kila futi? Unapika, Mhando, au unapima kiwanja?"
Nikacheka, unga ukanipanda puani.

Cheri zimebaki dukani,
kwenye kopo lenye vumbi, nyekundu kama kucha za bi harusi,
bei yake dawa za mama za siku nne.
Nililirudisha kopo rafuni, nikaligeuza uso ukutani
ili tusitazamane.

Lakini zambarau msimu huu hazina bei.
Makorora nzima imemwagikiwa wino:
njia, kandambili, kanzu za watoto wa madrasa,
hata beberu mweupe wa jirani
ana ndevu za karani aliyelalia kidau.
Nimenunua kisado kwa mtoto
aliyenipunja huku akinitazama machoni.

Kule Raskazone niliosha sahani za hoteli miaka sita.
Mpishi, Mfaransa mfupi mwenye hasira za pilipili kichaa,
alinikuta nikichokoa kokwa kwa ncha ya kisu,
akanipokonya bakuli.
"Utamu umelala na kokwa," alisema
kwa Kiswahili chake cha kuungaunga.
"Ukiitoa, unabaki na uji."
Neno uji alilitamka kama tusi.

Mama anakula uji mwezi wa tano sasa.

Basi mayai manne, nimeyapiga mpaka mkono ukalalamika.
Sukari, chumvi ya kuonja tu, unga uliochekechwa,
maziwa ya asubuhi, yangali na uvuguvugu.
Rojo iwe nyepesi kuliko ya chapati za maji.
Iliki nimeongeza mimi. Mpishi anisamehe.
Zambarau nikazipanga kwenye sufuria iliyopakwa siagi,
bega kwa bega, kama safu ya kwanza Ijumaa,
nikazimiminia taratibu
zisije zikavunja safu.

Makaa machache chini, mengi juu ya kifuniko:
moto wa juu ndio mwenye nyumba,
wa chini ni mpangaji, asijitanue.

Dada Mwantumu amesimama mlangoni, mkono kiunoni.
"Mayai manne! Kwa mtu asiyekula!"
Sikumjibu. Nilikuwa nahesabu dakika,
na kanuni ni moja: usifunue.
Nikafunua.
Kingo zimepanda, zimeiva rangi ya mkate wa sinia,
katikati inatikisika
kama tumbo la mtu anayezuia kicheko msibani.
"Mbichi hiyo," akasema dada.
Siyo mbichi. Ndivyo inavyotakiwa.
(Nusu yangu haikuwa na uhakika.)

Mama alipokea kijiko cha kwanza amefumba macho.
Kimya. Shavu likavimba upande, likahamia upande wa pili,
ulimi ukitafuta kitu humo ndani
kama mtu anayepapasa ufunguo gizani.
Kisha, kwenye kisahani: ti.
Kokwa. Safi, imenyonywa, haina hata uzi.

"Atapaliwa huyu!" Dada akaruka.
Mama akanyanyua kiganja.
"Niacheni. Meno yameondoka,
akili ya mdomo haijaondoka."
Ti.
Ti.
Hakuna aliyezungumza. Nje beberu alilia, akanyamaza.
Alipomaliza alizipanga kokwa kwa kidole, moja moja.
"Kumi na moja," akasema. "Ya kumi na mbili mmeniibia."
Akamtolea Mwantumu ulimi,
wote zambarau, hadi shina.
Dada akageukia dirisha, akajifanya anafunga pazia.

Nimeosha sufuria. Mkono bado unauma.
Iliyobaki nimeifunika kwa kawa,
na juu ya kawa nimeweka jiwe, kwa ajili ya paka.

Usiku wa manane, sauti kutoka chumbani,
kavu, ya mtu aliyekwisha kufanya hesabu zake:
"Mhando.
Kile kiwanja,
kimebaki futi ngapi?"